Gemu inadai BEClient_x64.dll: nilipakue wapi?

SWALI: Shikamoo mtaalamu. Niko mwaka wa pili chuoni hapa Morogoro. Mwezi uliopita nilinunua laptopu iliyotumika, fundi akaniwekea Windows na antivirusi. Nikapakua PUBG kwenye Steam, lile duka la magemu la mtandaoni, kwa bando la usiku, ikanichukua siku nne. Ilicheza vizuri wiki moja, kisha antivirusi ikasema imelitenga faili linaloitwa BEClient_x64.dll, na tangu hapo gemu ikakataa kufunguka. Mwenzangu wa chumba akaniambia faili hilo lipo kwenye tovuti zinazotoa DLL bure. Nikalipakua, nikaliweka kwenye folda. Sasa gemu inafunguka, lakini nikiingia mchezoni, dakika mbili tatu natolewa kwa ujumbe kwamba data imeharibika. Je, faili hili ni virusi? Nilipakue wapi lililo sahihi? Nikiendelea kujaribu nitafungiwa akaunti? Na kwa nini gemu ya kurushiana risasi inataka kuchungulia kompyuta yangu nzima?

JIBU: Marahaba, mdogo wangu. Maelezo yatakuja, lakini kuna mambo ya kufanya leo hii kabla hujasoma mbele. Funga Steam. Ingia kwenye folda ya gemu, tafuta folda ndogo inayoitwa BattlEye, ulifute lile faili ulilolipakua. Usilihifadhi kwenye flashi eti huenda likahitajika; lifute. Kisha iache antivirusi ikague kompyuta yote, hata kama itakesha. Wakati inakagua, chukua simu yako ubadilishe nenosiri la Steam hukohuko kwenye simu, usilibadilishie kwenye laptopu, na uwashe Steam Guard, ile kinga ya akaunti inayodai msimbo wa ziada, kama ulikuwa hujaiwasha.

Ukaguzi ukiisha, fungua Steam, bofya jina la gemu kwa kitufe cha kulia cha kipanya, ingia kwenye sifa zake, nenda sehemu ya mafaili yaliyosakinishwa, uchague kuyahakiki. Steam italinganisha vipande vilivyo kwenye diski yako na orodha yake, na itapakua kile tu kilichokosekana au kilichobadilika. Hulipakui faili hilo popote, basi. Analileta mwenye gemu. Wala usilihofie bando, zile siku nne hazijirudii.

Sasa tuzungumze kwa nafasi.

DLL ni maktaba: msimbo uliowekwa kwenye faili lake peke yake ili programu zenye haja nao ziuite wakati zinapoendelea kufanya kazi. Windows imeishi na wazo hilo tangu toleo lake la kwanza la mwaka 1985, enzi ambazo kumbukumbu ya kompyuta ilikuwa ndogo mno na kila kilobaiti ilihesabiwa. Badala ya kila programu kubeba msimbo wake wa kuchora dirisha au kutoa sauti, unawekwa mara moja, wote wanautumia. Hayo utakuwa umeyasikia darasani. Jambo lisilosemwa sana, nalo ndilo linalokuhusu, ni kwamba DLL ikishaitwa haibaki barazani. Inaingia ndani ya kumbukumbu ileile ya programu iliyoiita na kula sahani moja na mwenyeji. Inaweza kusoma kila anachokijua mwenyeji: ulipo kwenye ramani, risasi ulizobakiwa nazo, na hata walipo maadui ambao wewe huwaoni kwa sababu wamejificha nyuma ya ukuta. Na inaweza kuandika pia, siyo kusoma tu.

Waundaji wa programu za kuchiti waliliona hilo mapema. Ile programu inayokulengea bunduki yenyewe, au inayokuonyesha watu nyuma ya kuta, mara nyingi ni DLL tu iliyosukumizwa ndani ya gemu na programu nyingine ndogo. Kuna njia isiyohitaji hata kusukumiza. Windows inapotafuta DLL, ukiacha chache za mfumo zilizowekewa utaratibu wao, huanza kutazama kwenye folda ya programu yenyewe kabla ya kwenda kwenye folda za mfumo. Kwa hiyo mtu akiandika DLL yake, akaipa jina la DLL halali ya Windows kama version.dll au d3d9.dll, akaiweka kando ya gemu, gemu itaibeba kwa mikono yake yenyewe. Wanaotengeneza nyongeza za magemu ya kuchezwa peke yako wanaitumia mbinu hiyo kila siku, tena kwa nia njema kabisa.

Tazama sasa ulichofanya wewe. Umechukua DLL kwa mtu usiyemjua, umeiweka kwenye folda ya gemu, gemu imeibeba. Hatua hizo na hatua za anayechiti hazina tofauti yoyote machoni pa kompyuta. Nia haiandikwi kwenye diski.

Herufi mbili za mwanzo za jina la faili lako zinasimama badala ya BattlEye, mfumo wa Kijerumani wa kuzuia udanganyifu ulioanzishwa mwaka 2004 na Bastian Suter, kwanza kwa ajili ya gemu ya Battlefield Vietnam. Leo umo ndani ya PUBG, Rainbow Six Siege, DayZ na magemu mengine mengi. Kwenye kompyuta yako una sehemu tatu. BEClient ndiyo DLL inayokaa ndani ya gemu. BEService ni huduma inayoendeshwa pembeni, nje ya gemu. Ya tatu ni draiva inayoitwa BEDaisy.sys, nayo inashuka hadi kwenye kiini cha Windows, mahali ambapo programu za kawaida haziruhusiwi kukanyaga.

Kwa nini tatu, isitoshe moja? Mlinzi aliye sebuleni anaiona sebule peke yake, na mwizi naye akiwa sebuleni humohumo anaweza kumchezea. Mlinzi akiiuliza Windows, "Ni DLL zipi zimo humu ndani?", mwizi aliyewahi kuuvuruga msimbo unaotoa jibu atahakikisha jina lake limerukwa. Draiva haidanganyiki kirahisi hivyo, maana imekaa chini ya sakafu wanayokanyaga wote wawili. Programu nyingine ikiomba kuifungua kumbukumbu ya gemu, draiva inajulishwa na Windows kabla ruhusa haijatoka, na inaweza kuipunguza ruhusa hiyo: utaona kwamba gemu ipo, lakini kuisoma ndani huwezi.

Haikuanza hivyo. PunkBuster, iliyozaliwa mwaka 2000 na kuingia rasmi kwenye Return to Castle Wolfenstein mwaka 2002, ilitegemea DLL zilizokaa kwenye folda fupi iliyoitwa pb: pbcl.dll ya mchezaji, pbsv.dll ya seva. Waliocheza Call of Duty 4 mtandaoni wanaikumbuka folda hiyo, na jinsi ilivyowalazimu kuisasisha kwa mkono. Baadaye nayo ikaongeza huduma mbili zinazoendeshwa na Windows, kwa sababu hiyohiyo niliyokueleza. Easy Anti-Cheat ya Helsinki, iliyonunuliwa na Epic Games mwaka 2018, ina muundo unaofanana na huo: DLL ndani, huduma nje, draiva chini. Siku ukikutana na EasyAntiCheat_x64.dll kwenye Apex Legends, karibu yote ninayokuambia hapa yatakufaa.

Turudi kwenye lile faili la tovuti. Kosa linalowapatia riziki wenye tovuti hizo ni watu kuiona DLL kama kipuri cha pikipiki: kimevunjika, nenda dukani, taja jina, funga kingine, endesha. Jina la faili halithibitishi kitu. Ukubwa wake nao hauthibitishi kitu. Ile alama ya kijani ya tovuti inayosema "salama asilimia mia" ndiyo kabisa. Kinachothibitisha ni sahihi ya kidijitali, na Windows imekuwekea mahali pa kuiangalia: bofya faili kwa kitufe cha kulia, fungua sifa zake, tafuta kichupo cha sahihi za kidijitali. DLL halali ya BattlEye itakuonyesha jina la BattlEye hapo, na ukifungua maelezo Windows itakuambia kama sahihi iko sawa. Sahihi hiyo inasema mambo mawili kwa mpigo: nani aligonga mhuri, na kwamba tangu agonge hakuna hata baiti moja iliyoguswa. Kama kichupo chenyewe hakipo, faili hilo halina mhuri wa BattlEye.

Na tuseme tovuti ile ilikupa faili la kweli, lenye mhuri wa kweli, ila la miezi minane iliyopita. Bado usingekaa mchezoni. Mifumo hii hubadilishwa mara kwa mara, maana wanaochiti nao hawalali, na mlinzi mwenye maelekezo ya zamani hana kazi. Hata faili lililoko kwenye diski si mlinzi mzima. Sehemu ya ukaguzi huletwa kutoka kwenye seva wakati unacheza. VAC, mfumo wa kuzuia udanganyifu wa Valve, kampuni yenye Steam, hufanya kazi hivyohivyo: vipande vya ukaguzi hushushwa kutoka mtandaoni vikaendeshwa, ili anayetaka kuvichambua asivikute vimemkalia tu kwenye folda.

Neno moja pembeni, kwa kuwa najua utakutana nalo. Ukiambiwa VCRUNTIME140.dll au MSVCP140.dll haipo, hilo halihusu kuzuia udanganyifu. Hizo ni maktaba za Microsoft zinazohitajiwa na programu nyingi zilizoandikwa kwa C++. Zinasakinishwa zote kwa pamoja kutoka Microsoft wenyewe, hazichukuliwi moja moja huko na huko.

Sasa kufungiwa. Hapa nitakaa kidogo, kwa kuwa kisa ninachokipenda kuliko vyote katika mambo haya ni kisa cha DLL.

Julai 2010 wachezaji wa Call of Duty: Modern Warfare 2 walianza kulalamika kwamba VAC imewafungia na kwamba hawakuchiti. Ndivyo anavyosema kila aliyefungiwa. Safari hii ilikuwa kweli. Gabe Newell, mkuu wa Valve, aliwaandikia kuwaomba radhi: akaunti kama 12,000 zilikuwa zimefungiwa kimakosa katika muda wa wiki mbili hivi. Chanzo kilikuwa hiki. Gemu ilikuwa imeshaipakia DLL kwenye kumbukumbu, na Steam nayo ikawa inaisasisha nakala ya DLL hiyohiyo kwenye diski. VAC ikaja na mizani yake, ikalinganisha iliyo kwenye diski na iliyo kwenye kumbukumbu, ikaona hazifanani, na kwa mlinzi DLL iliyobadilika ndani ya kumbukumbu ndiyo alama ya kidole ya mwizi. Hakuna mtu aliyegusa kitu. Wote walifunguliwa, wakapewa Left 4 Dead 2 bure, na nakala ya pili ya kumzawadia rafiki. Sijui kama fidia hiyo iliwatosha waliotukanwa na wenzao wiki mbili, lakini hesabu ya uhandisi iliyowaponza ni nzuri kuikumbuka: mlinzi halinganishi majina, analinganisha yaliyomo, na analinganisha sehemu mbili, diski na kumbukumbu.

Oktoba 2023 yakatokea mengine ya ukoo huohuo. AMD ilitoa draiva ya kadi zake za picha yenye kipengele cha Anti-Lag+, cha kupunguza ucheleweshaji kati ya kubofya na kuona. Kwenye Counter-Strike 2 kipengele hicho kilifanya kazi kwa kugeuza njia ya vitendo ndani ya DLL za injini ya gemu: gemu ikiita kitendo fulani, inapitishwa kwanza kwa AMD. Kiufundi hivyo ndivyo inavyofanya programu ya kuchiti. Watu walifungiwa kwa kuwasha kitufe walichopewa na mtengenezaji wa kadi yao. Valve ikatangaza hadharani kwamba wenye AMD wasikiwashe, AMD ikaiondoa draiva hiyo na kutoa nyingine isiyo na kipengele hicho, na Valve ikasema itawatafuta walioathirika iwafungulie. Yaani hata kampuni kubwa yenye wahandisi wake na mhuri wake, ikiingiza mkono ndani ya DLL za gemu bila kupatana na mwenye gemu, inaonekana mwizi.

Kwako wewe, tofautisha kutolewa na kufungiwa. Ujumbe wa data kuharibika ni wa kutolewa: mlinzi ameona kitu hakieleweki, kwa usalama wa wengine amekutoa kwenye mchezo huo, na kesho mlango uko wazi. Kufungiwa ni hukumu juu ya akaunti, na hukumu ya BattlEye haina tarehe ya kwisha. Hujafika huko. Lakini kila unapoingia ukiwa na DLL ya mtaani ndani ya folda ya mlinzi, unamlazimisha aamue upya kuhusu wewe. Mimi nisingemjaribu mara ya tano.

Kuhusu virusi, nitakujibu kwa namna ambayo utaweza kujipimia mwenyewe. DLL za kuzuia udanganyifu zina tabia zote ambazo antivirusi imefundishwa kuzishuku. Msimbo wake umefumbwa makusudi ili usisomeke. Zinachungulia programu nyingine. Zinashirikiana na draiva. Kwa hiyo antivirusi kulikamata faili halali kimakosa ni jambo la kawaida, hasa antivirusi isiyosasishwa. Lakini yako ni kompyuta iliyotumika, na flashi za chuo nazijua. Flashi moja inazunguka steshenari tatu kabla ya saa sita mchana. Kuna virusi vya aina ya Ramnit, vilivyoanza kuonekana mwaka 2010, ambavyo haviishi kwenye faili lao peke yake: vinajipachika ndani ya mafaili mengine ya EXE na DLL yaliyokuwa mazima, na kusafiri kwa flashi. Kirusi cha namna hiyo kikilipata BEClient_x64.dll, antivirusi ikilikamata haijakosea hata kidogo.

Utavitofautishaje? Kwa ile sahihi. Baada ya Steam kulirudisha faili, kabla hujafungua gemu, angalia kichupo cha sahihi. Kama antivirusi imelikamata tena papo hapo, litoe kwenye karantini kwanza uliangalie, usiliendeshe. Sahihi ikiwa sawa na jina ni la BattlEye, basi ni antivirusi inayoona vivuli: iambie iiruhusu folda hiyo moja ya BattlEye. Narudia, folda hiyo moja. Usiruhusu folda nzima ya Steam, na usizime antivirusi "kwa muda", maana muda huo huwa hauishi. Sahihi ikiwa si sawa, acha kwa saa moja, lirudishe tena kwa Steam, uangalie tena. Ikiwa kila likirudishwa zima linaharibika, kuna kitu kinachoyala mafaili ndani ya kompyuta yako, na gemu ndiyo imekuwa ya kwanza kupiga kelele. Hapo usihangaike na dawa za kupaka. Hamisha kazi zako za chuo, hati na picha tu, usihamishe programu yoyote, uweke Windows upya kutoka kwenye nakala iliyopakuliwa Microsoft.

Jambo hilo linanileta kwa fundi wako. Sitaki kumsema vibaya mtu nisiyemjua. Ila nimeona laptopu nyingi za hivyo, na Windows iliyoamilishwa kwa programu ya mlango wa nyuma huja na mizigo: mafaili ya mfumo yaliyobadilishwa, antivirusi ya Windows iliyozimwa au kuamriwa ifumbie macho folda fulani, na wakati mwingine hali ya majaribio imewashwa, ile inayoruhusu draiva zisizo na mhuri halali. Tazama pembe ya chini kulia ya skrini yako. Kama kuna maandishi hafifu yanayotaja hali ya majaribio, BattlEye haitakubali kufanya kazi kabisa, kwa sababu mlango uliofunguliwa kwa draiva ya majaribio ndio wanaopitia wenye kuchiti. Unaifunga kwa kufungua dirisha la amri kama msimamizi, kuandika bcdedit /set testsigning off, na kuwasha kompyuta upya. Ikirudi yenyewe baada ya siku mbili, ujue kuna programu inayoiwasha, na umeshajua ni ya nani.

Kuna sababu moja zaidi ya ujumbe wako ambayo watu huisahau, na mimi iliwahi kunipotezea siku mbili za maisha. Kijana wa jirani aliniletea kompyuta inayotolewa mchezoni kila jioni kwa ujumbe kama wako. Asubuhi ilikuwa inacheza bila tatizo. Nikasafisha virusi ambavyo havikuwepo, nikaweka Windows upya, nikaapa ni bando. Mwishoni nikachomoa RAM, yaani vipande vya kumbukumbu ya kompyuta; zilikuwa mbili, moja ya kununuliwa mkononi. Kompyuta ikipata joto, ile ya mkononi ilikuwa inageuza biti moja hapa, moja pale. Windows ilivumilia. Kivinjari kilivumilia, kikifa mara mojamoja. Mlinzi anayelinganisha kumbukumbu na diski baiti kwa baiti havumilii. Kwa hiyo kama sahihi iko sawa, hali ya majaribio imezimwa, antivirusi imetulia, na bado unatolewa, andika mdsched kwenye sehemu ya kutafuta ya Windows, ukubali kuwasha upya, uiache ikague RAM usiku. Laptopu iliyotumika haiji na historia yake.

Swali lako la mwisho wengi hawaliulizi, nami nimelipenda. Gemu inachungulia chini kwa sababu wanaochiti wameshashuka chini. Programu ya kuchiti iliyo kwenye kiini haionekani na mlinzi aliyebaki juu. Hoja hiyo ya waundaji ni ya kweli, siipingi. Lakini ukimpa mtu ufunguo wa kiini umempa nyumba, na historia ina mambo ya kutosha ya kukufanya uulize kabla ya kubofya "ninakubali".

Septemba 2016 Capcom iliisasisha Street Fighter V na kuiwekea draiva ya kuzuia udanganyifu, Capcom.sys. Upesi ikagundulika kwamba draiva hiyo ilizima kinga mojawapo ya prosesa na kuruhusu programu yoyote, hata isiyo na mamlaka, kuendesha msimbo wake ndani ya kiini. Ikaondolewa. Agosti 2022 watafiti wa Trend Micro walieleza jinsi wahalifu walivyoichukua mhyprot2.sys, draiva ya Genshin Impact yenye mhuri halali kabisa, wakaibeba hadi kwenye kompyuta zisizo na gemu hiyo, wakaitumia kuua antivirusi kabla ya kuyafunga mafaili ya watu na kudai fedha. Umeona hapo mpaka wa ile sahihi niliyoisifu: inakuambia faili limetoka kwa nani, haikuambii kama aliyeliandika alikuwa makini. Na mwaka 2013 huko Marekani, programu ya kuzuia udanganyifu ya ESEA, ligi ya mashindano ya magemu ya mtandaoni, ilikutwa inachimba Bitcoin kimyakimya kwenye kompyuta za wachezaji, kama 14,000 kwa hesabu ya mwanasheria mkuu wa New Jersey, na kampuni ikaingia makubaliano ya dola milioni 1.

Kati ya mifumo hii kuna tofauti ya kuijua. Vanguard ya Riot, iliyokuja na Valorant mwaka 2020, draiva yake huamka pamoja na Windows, hata siku usiyocheza. BattlEye huamka unapofungua gemu. Mimi binafsi naipendelea ya pili, ingawa naelewa kwa nini Riot walichagua ya kwanza: anayewahi kuamka ndiye anayemwona mwenzake akiingia.

Ungekuwa mdogo wangu wa tumbo moja ningekushauri hivi. Kompyuta hiyo moja usiifanye ya gemu na pia ya kila siri uliyonayo. Akaunti ya Bodi ya Mikopo, barua pepe ya chuo, mambo ya fedha, yafungulie kwenye simu. Kazi zako za masomo ziwe na nakala mahali pengine. Ukichoka na PUBG, iondoe kwa njia yake, kisha angalia kama BEService imebaki kwenye orodha ya huduma za Windows. Ikibaki, ifute pamoja na folda ya BattlEye iliyoko ndani ya Common Files.

Folda hiyo pia ni ya kukumbuka ikiwa kuhakiki mafaili hakutasaidia: funga Steam, ifute, ufute na ile ya ndani ya gemu, kisha uhakiki tena ili vyote vije vipya kwa pamoja. Na ukitolewa kwa ujumbe mwingine, unaosema kompyuta yako haijibu, hapo usiitazame DLL. Ni mtandao umekatika kati yako na seva, na bando la usiku huwa na kawaida ya kuisha alfajiri.

Ukishafika kwenye kichupo cha sahihi niandikie umeona jina gani, na kama lilibaki sawa baada ya saa moja. Hayo mawili yakijulikana, nitajua kama nikuelekeze kwenye antivirusi, kwenye RAM, au urudi kwa fundi.